Maswali ya Wasomaji: Kariakoo kabla ya fremu

Katika toleo lililopita safu hii iligusia, kwa sentensi moja tu, kwamba Kariakoo ya Dar es Salaam ilikuwa mtaa wa kuishi watu kabla haijawa mtaa wa kuuza vitu. Sentensi hiyo imetuletea barua nyingi. Tumechagua tano ambazo majibu yake yanashikana, nasi tumezijibu kadiri nafasi ilivyoruhusu.

Shikamoo mzee wa safu. Babu yangu, ambaye umri wake sasa umepita miaka themanini, hujiita mtoto wa Kariakoo, kwa sababu alizaliwa na kukulia Mtaa wa Mahiwa. Nilipolisema hilo chuoni wenzangu walicheka, wakaniuliza ni nani anayezaliwa dukani. Naomba unieleze Kariakoo ilianzaje na ni kina nani walioishi pale. (Binti wa Tabata)

Marahaba, binti yangu. Waambie wenzako kwamba babu yako hakukosea hata kidogo, na kwamba wanaostahili kuulizwa maswali ni wao, maana wamepita katika mitaa ile mara mia bila kuinua macho juu ya fremu, yaani vyumba vya maduka, za simu na vitenge.

Eneo tunaloliita Kariakoo lilipimwa na Wajerumani mwishoni mwa utawala wao, wakikusudia kuwahamishia huko Waafrika wa mjini, ili upande wa bandari ubaki kwa Wazungu na biashara kubwa. Vita Kuu ya Kwanza ikawakatiza. Waingereza walipouteka mji mnamo Septemba 1916 waliukuta uwanja huo haujajengwa sawasawa, wakaufanya kambi ya wapagazi wa jeshi lao, yaani kikosi walichokiita Carrier Corps. Jina hilo lilipopita katika ndimi za wenyeji likatoka Kariakoo, na likabaki hata baada ya kambi kuvunjwa.

Wapagazi hao hawakuwa askari. Walikuwa wakulima na vijana waliochukuliwa vijijini, wengi kwa nguvu, wabebe kichwani unga, risasi na mahema ya majeshi yaliyokuwa yakifukuzana kusini mwa nchi, mahali ambapo magari hayakupita na wanyama waliangushwa na mbung'o. Walikufa makumi ya maelfu, na waliouawa na kuhara, homa na njaa ni wengi kuliko waliouawa na risasi. Majina yao hayakuandikwa kwenye mawe. Mimi huona kwamba jina la mtaa ule ndilo kaburi lao pekee lililo mjini, ingawa asilimia kubwa ya wanaolitamka kila siku hawajui wanamtaja nani.

Baada ya vita Waingereza waliurudia mpango wa Wajerumani, wakakata viwanja vidogo vya mraba vilivyopangwa kwa mistari iliyonyooka, na ndiyo maana hadi leo mitaa ya Kariakoo inakatana kama ubao wa drafti. Kanuni za ujenzi za miaka ya 1920 ziliugawa mji katika kanda tatu: moja ya nyumba za Kizungu, moja ya majengo ya biashara ambayo kwa vitendo ilikuwa Uhindini, na ya tatu ya nyumba za kienyeji, ambayo moyo wake ulikuwa Kariakoo. Kanuni zilizungumza juu ya aina za majengo wala hazikutaja rangi ya mtu, lakini kila mtu mjini alielewa maana yake. Kati ya kanda ya pili na ya tatu uliachwa uwanja mtupu, kwa hoja ya afya, na uwanja huo ndio Mnazi Mmoja.

Walioishi humo walitoka kila upande. Wazaramo walikuwa wenyeji wa nchi, na walikuwapo Wamanyema ambao asili yao ni mashariki ya Kongo na ambao wengi wao, wake kwa waume, walikuwa wenye nyumba. Msikiti wa Manyema bado unawakumbusha. Walikuwapo Wanyamwezi, Wangoni, Washomvi, watu wa Visiwani, na watoto wa askari walioletwa na Wajerumani kutoka Sudan na Msumbiji. Chama cha Waafrika, African Association, kilichoanzishwa mwaka 1929, kilikuwa na nyumba yake pembezoni mwa Kariakoo katika Mtaa wa New Street, na katika nyumba hiyohiyo tarehe 7 Julai 1954 ikazaliwa TANU, chama kilichopigania uhuru wa Tanganyika. Mtaa huo leo unaitwa Lumumba. Babu yako, kama ana miaka themanini na kitu, alikuwa mtoto wa kutumwa dukani wakati huo, na haishangazi iwapo aliwahi kupishana njiani na Mwalimu Nyerere akielekea sokoni kumwona Abdulwahid Sykes, ambaye wakati huo ndiye aliyekuwa msimamizi mkuu wa soko la Kariakoo. Siasa za nchi hii zilizungumzwa kwanza katika ofisi ya soko, barazani, na kwenye vyama vya ngoma za kina mama, ambako Bibi Titi Mohamed alikuwa akiongoza nyimbo kabla hajawa kiongozi wa wanawake wa TANU. Muulize babu yako akiwa na nafasi, tena uwe na kalamu mkononi.

Mtaa wa Narung'ombe ulikuwa na machinjio? Fundi wangu wa cherehani, ambaye amekaa hapo miaka mingi, anaapa kwamba ng'ombe walikuwa wakipitishwa pale kwenda kuchinjwa. (Msomaji wa Mbagala)

Fundi wako ni mtu wa heshima na pengine anashona vizuri, lakini hapo ametegemea sikio. Hakuna ng'ombe katika jina hilo. Narung'ombe ni mahali katika bara la Kilwa ambapo tarehe 19 Julai 1917 majeshi ya Waingereza na ya Wajerumani yalipigana vita vikali. Ukisha kulijua hilo, tembea mitaa ya jirani ukisoma vibao. Mahiwa, ule mtaa wa babu wa binti wa Tabata, ni mahali katika bara la Lindi ambapo mnamo Oktoba 1917 majeshi hayo yalipigana siku nne mfululizo, na waliouana kwa wingi walikuwa Waafrika: upande mmoja askari Waafrika wa jeshi la Wajerumani, na upande mwingine askari wa King's African Rifles, jeshi la Waafrika chini ya Waingereza, pamoja na kikosi kilicholetwa kutoka Nigeria. Tandamti, mtaa unaopita ubavuni mwa soko na ambao wengi huudhania ni jina la kienyeji lisilo na maana, ni kilima cha huko huko Lindi kilichopiganiwa mwaka huohuo.

Kwa hiyo Waingereza walipovigawa viwanja katika kambi ya zamani ya wapagazi, baadhi ya mitaa waliipa majina ya mahali ambako wapagazi haohao walikuwa wamebeba mizigo. Sidhani kwamba nia yao ilikuwa kuwaenzi wabebaji. Majina ya vita huwekwa na anayeshinda ili ajikumbuke mwenyewe. Hata hivyo matokeo yake ni kwamba mtu anayetoka Mahiwa kwenda Narung'ombe kununua vifungo vya shati anakatiza, kwa dakika tano, kampeni nzima ya kusini ya mwaka 1917.

Majina mengine yalitoka kwingine. Aggrey ni mwalimu kutoka nchi ambayo sasa ni Ghana, aliyepita Afrika ya Mashariki mwaka 1924 pamoja na tume ya elimu, na habari zake zikawasisimua sana wasomi Waafrika wa wakati ule. Livingstone ni yule mmisionari na msafiri kutoka Uingereza, na Kirk ni mwenzake wa safari aliyekuja kuwa konseli wa Uingereza Zanzibar. Pemba na Mafia ni visiwa, Sukuma na Nyamwezi ni makabila, Mchikichi na Mkunguni ni miti. Baada ya uhuru baadhi yalibadilishwa: Kichwele ikawa Uhuru, na Kipata ikapewa jina la Kleist Sykes, katibu wa kwanza wa African Association, ambaye baba yake alikuwa askari kutoka Msumbiji. Mahiwa na Narung'ombe hayakuguswa, pengine kwa sababu yalisikika kama majina yetu wenyewe. Na kwa hakika ni yetu, kwani vijiji hivyo ni vya Kilwa na Lindi, si vya London.

Nimesikia kwamba Kariokor ya hapa Nairobi na Kariakoo ya Dar ni ndugu. Ni kweli au ni watu kuvutana jina? (Msomaji wa Ngara, Nairobi)

Ni ndugu wa baba mmoja. Kikosi cha Carrier Corps kilikuwa na kambi yake kubwa Nairobi, na mahali hapo pakabaki na jina hilo, ninyi mkalitamka na kuliandika kwa namna yenu. Tofauti ni kwamba Kariokor yenu imebaki mtaa mmoja miongoni mwa mingi, unaosifika kwa vyondo, viatu vya ngozi na nyama choma, ilhali ya Dar imekua mpaka mtu wa Lubumbashi au Lusaka akilitaja jina hilo hana haja ya kutaja mji.

Mimi ni mwanafunzi wa usanifu majengo. Nilikuwa naliona jengo la Soko Kuu tangu utotoni nikidhani lile paa ni pambo tu. Mwalimu wetu anasema si pambo. Naomba ufafanuzi, na pia useme kwa nini watu huita sehemu ya chini Shimoni. (Msomaji wa Mwanza)

Mwalimu wenu yuko sahihi. Soko la zamani lilikuwa jengo la wazi lililoanza kutumika kama soko mwanzoni mwa miaka ya 1920, na kufikia wakati wa uhuru lilikuwa limezidiwa kabisa. Kazi ya kusanifu soko jipya alipewa Beda Amuli, mmoja wa wasanifu majengo wa kwanza Waafrika katika Afrika ya Mashariki kuwa na ofisi yao wenyewe, na jengo likafunguliwa na Rais Nyerere mwaka 1975.

Tazama tena picha yake. Paa limejengwa kwa miavuli mikubwa ya zege iliyogeuzwa, yaani kingo zake ziko juu na kitovu chake kiko chini, na kila mwavuli umesimama juu ya mguu mmoja. Mvua ikinyesha maji hayamwagiki pembeni juu ya vichwa vya watu na magunia. Hukusanyika katikati ya mwavuli na kushuka kupitia mguuni hadi kwenye hifadhi iliyo chini. Kati ya mwavuli na mwavuli hupita mwanga na upepo. Katika mji wenye joto kama Dar es Salaam, ndani ya soko lenye samaki, vitunguu na jasho la maelfu ya watu, hewa inayopanda na kutoka juu bila feni ni jambo la kushukuriwa. Niliwahi kusimama chini ya mmoja wa miguu hiyo wakati wa masika, mvua ikipiga kwelikweli, nikaweka kiganja kwenye zege. Nilisikia maji yakishuka ndani yake huku muuza nazi aliyeegemea upande wa pili akiendelea kukuna kichwa na kunitazama kama niliyepotewa na akili.

Shimoni ni ghorofa ya chini ya ardhi. Jina si la dharau, ni maelezo tu: unateremka ngazi, mwanga unapungua, na harufu ya mbegu, dawa za mifugo na magunia makavu inakupokea kabla hujamwona muuzaji.

Usiku wa Jumamosi, tarehe 10 Julai 2021, moto uliunguza soko hilo na wafanyabiashara wengi wakapoteza kila kitu, kukiwamo mtaji waliokuwa wameuchukua kwa mali kauli, yaani kwa mkopo wa kuaminiana, na ambao wenye mali waliendelea kuudai. Serikali iliamua kulikarabati jengo na kujenga jipya kando yake. Kwa mwanafunzi wa fani yako ningependa uzingatie kwamba miavuli ya zege ilibaki imesimama baada ya moto, na kwamba uamuzi wa kuihifadhi ulikuwa wa busara, kwani si kila mara tunafanya hivyo.

Niliondoka Dar es Salaam nikiwa msichana, sasa ninaishi Muscat na wajukuu wangu. Nyumba ya marehemu shangazi yangu ilikuwa Mtaa wa Sikukuu, nyumba ya Kiswahili yenye vyumba sita. Mpwa wangu ananiambia kwamba wanandugu wanataka kumpa mtu kiwanja ajenge ghorofa. Sitaki kuwazuia, lakini nataka kuelewa kwa nini nyumba zile zinakwisha, na kama kuna lolote la kuhifadhi kabla ya tingatinga kufika. (Bibi wa Muscat)

Bibi yetu, shikamoo. Tunakupa pole kwa kumpoteza shangazi, na tunakushukuru kwa barua iliyoandikwa kwa mkono mzuri namna ile.

Kwa faida ya wasomaji ambao hawakuwahi kuingia katika nyumba kama hiyo tuieleze kwanza. Mbele kulikuwa na baraza ya kukalia, yenye kivuli cha upenuni. Mlango mmoja mkubwa ulifunguka kwenye ujia ulionyooka mpaka nyuma, vyumba vitatu mkono wa kulia na vitatu mkono wa kushoto, kila kimoja na pazia lake. Mwisho wa ujia ulitokea uani, ambako kulikuwa na jiko, bafu, choo, kamba za kuanikia nguo, na kwa kawaida mti mmoja. Kuta za zamani zilikuwa za miti ya mikoko, fito na udongo uliopakwa chokaa, na paa lilikuwa la makuti au la madebe yaliyopasuliwa na kunyooshwa, kabla ya mabati kuenea. Mwenye nyumba alikaa chumba kimoja au viwili, vilivyobaki akapangisha. Katika ua mmoja waliweza kukutana Mmanyema, Mngazija, Mndengereko na Mnyasa, wakagombania foleni ya choo alfajiri na kupelekeana futari jioni. Ninatoa maoni yangu hapa, na wanahistoria wanisamehe: Kiswahili cha Dar es Salaam, kile cha mkato na utani, kimepikwa uani mwa nyumba hizo zaidi ya mahali pengine popote.

Nyumba hizo zilidumu kuliko ilivyotarajiwa. Mwaka 1971 serikali ilipotaifisha majengo ya kupangisha yenye thamani ya zaidi ya shilingi 100,000, nyumba nyingi za udongo za Kariakoo hazikufikia kiwango hicho, na nyingi zilikaliwa na wenyewe. Kilichozimaliza ni biashara. Kuanzia mwaka 1984 serikali iliruhusu watu kuagiza bidhaa kutoka nje kwa fedha zao wenyewe, na chini ya Rais Mwinyi mlango ukafunguka zaidi. Bidhaa zilizotoka Dubai, na baadaye China, zilihitaji mahali pa kuuzwa kwa jumla, karibu na bandari na katikati ya watu. Baraza ya shangazi yako ikawa na thamani kuliko vyumba vyote sita. Kwanza ilizibwa ikafanywa duka, kisha vyumba vya mbele vikawa stoo, na hatimaye akatokea mtu mwenye fedha na pendekezo la ubia: ninyi mtoe kiwanja, yeye ajenge ghorofa, mgawane. Leo fremu moja ya upana wa mlango inaweza kudaiwa kilemba, yaani malipo ya kupewa nafasi, kinachozidi bei ya nyumba nzima kwingineko mjini, na kodi baada ya hapo.

Ukitembea huko sasa utakutana na mawinga, yaani madalali wa barabarani, wanaokushika mkono wakikuahidi bei ya kiwandani, maguta (baiskeli za mizigo za magurudumu matatu) yaliyosheheni marobota, vijana wenye mikokoteni wakipaza sauti "Pisha, mzigo!" mpaka unajibanza ukutani. Mtaa wa wapagazi haujaacha kazi yake. Na uwe mwangalifu, Bibi. Mimi mwenyewe, mzaliwa wa mji huu, niliwahi kununua simu pembeni mwa Mtaa wa Kongo nikafika nyumbani na kipande cha sabuni kilichofungwa kwa ustadi ambao hadi leo siwezi kukasirika nao.

Kuhusu ubia, sisi si wanasheria, lakini tunawasihi wanandugu wawe na mkataba ulioandikwa na kusajiliwa, unaotaja ni ghorofa zipi za nani na kwa muda gani, na unaotaja mhandisi mwenye leseni na kibali cha kila hatua, hasa ikiwa kuna kuchimba ghorofa ya chini. Asubuhi ya tarehe 16 Novemba 2024 jengo la ghorofa nne lilianguka Kariakoo, makutano ya mitaa ya Mchikichi na Kongo, likaua zaidi ya watu 20 waliokuwa kazini. Viwanja vile vilikatwa kwa ajili ya nyumba ya chini ya vyumba sita, ukuta ukikaribia ukuta wa jirani, kwa hiyo anayechimba kwake anachimba pia chini ya mwenzake.

Na kuhusu kuhifadhi: mpwa wako akipige picha kila chumba, mlango wa mbele ukiwa wazi na ukiwa umefungwa, na ua kutoka pande zote nne. Apime kwa futi urefu wa ujia na upana wa baraza, achore ramani hata kwa penseli, na aandike katika kila chumba majina ya wapangaji mnaowakumbuka, walikotoka na kazi walizofanya. Hati ya kiwanja ya zamani na stakabadhi za kodi ya ardhi asizitupe hata zikiwa zimeliwa na mchwa. Mlango, ikiwa ni wa mbao nzito, ung'olewe na fundi seremala kabla mafundi wa kubomoa hawajaingia, kwa sababu wao wana wateja wao. Wewe nawe, huko Muscat, tuandikie uani kulikuwa na mti gani, maana katika nyumba zote za Mtaa wa Sikukuu tulizosimuliwa hadi sasa, wasimulizi wanakumbuka kivuli chake na wanabishana kama ulikuwa mwarobaini au mkungu.